Gunia Limekwisha Lipwa

Andika, Zihindula. Piga mashine yako polepole,
maana mambo mengine nitayasema mara mbili.
Andika: Mimi, Nsimire M'Bagalwa, mbebaji mizigo,
wa Kadutu, upande wa juu, kule maji ya bomba hayapandi.
Usiandike mama mzee. Nina miaka arobaini na miwili.
Uzee ni wa goti hili tu.

Ilikuwa Jumanne. Mashua ya Idjwi ilichelewa,
nikatoka Muhanzi jua limekwisha kuchemka,
muhogo mkavu mgongoni, kilo themanini,
kamba kwenye paji la uso, macho chini
kama tutembeavyo sisi: Bukavu tunaijua kwa mawe yake,
mapaa hatuyajui.
Kwa hiyo Fuso sikuliona. Nililisikia.
Dereva alikwepa shimo.
Shimo alilihurumia, andika hivyo.
"Hivyo hawaandiki, mama."
Basi andika unavyojua, lakini shimo liwemo.

Gunia lilipasuka.
Vipande vya muhogo vikateremka Nyawera vyenyewe,
bila mbebaji, bila malipo, vikirukaruka.
Watoto waliviokota kwanza. Siwalaumu.
Mimi nilikuwa siokoteki.

Siku ya tatu, hospitalini, kabla daktari hajapita
alipita mwenye gunia.
Alileta ndizi mbili na hesabu.
Bei ya gunia soko zima linaijua, haina mabishano.
Asifiwe binti yangu akauza sufuria kubwa
na vitenge viwili ambavyo havijashonwa,
tukalipa.
Gunia limekwisha lipwa, Zihindula.
Mguu unaingia mwaka wa pili.

Ofisi ya asiransi iko ghorofa ya tatu.
Ngazi arobaini na nane, nimezihesabu kwa makalio.
Kijana wa pale ana adabu, alinipa kiti.
Akauliza: unaweza kuthibitisha ulichokuwa unapata?
Hati ya mshahara? Risiti? Sahihi ya mwajiri?
Nikavua kilemba.
Nikamwonyesha hapa, weka kidole, usiogope,
mfereji huu wa kamba, miaka ishirini na mmoja;
mvua ikinyesha, maji hupita humo humo.
Akautazama vizuri, sitamsingizia.
Akasema hauna muhuri.

Na karatasi ya polisi imeniita mtembea kwa miguu.
Mtembea kwa miguu alijitupa barabarani.
Nilijitupa! Na kilo themanini!
Mwenye mzigo hajitupi. Hutwikwa, hutuliwa,
na kati ya hayo mawili hana ujanja wowote.
Ukifika kwenye jina hilo, mtembea kwa miguu,
acha nafasi kidogo.
Nataka hakimu aulize pameachwa nini.

Kiasi? Ngoja.
Safari moja ni franka elfu moja na mia tano,
siku mbaya elfu moja.
Safari tatu kwa siku, Jumapili sibebi.
Toa siku za malaria. Toa siku za risasi,
mji unapofunga milango na hata njaa inakaa ndani.
Hiyo ni hesabu ya mgongo, hiyo naiweza.
Lakini choo cha shimo, nisichoweza kuchuchumaa,
kinaandikwa kwa franka ngapi?
Na Asifiwe, ambaye usiku akidhani nimelala
anaitoa kamba yangu msumarini
na kuijaribu kwenye paji lake,
mbele ya kioo, kama msichana anayejaribu herini,
huyo anawekwa mstari wa ngapi?

Huandiki.
Sawa. Hata mimi hapo ningenyamaza.

Sasa nisomee kabla sijaweka dole gumba.
". . . aliyekuwa amebeba takriban kilo themanini . . ."
Simama hapo. Takriban ndiyo nini?
Kama themanini? Pengine themanini?
Futa.
Walipima kwenye mizani, nikiwa nimesimama kando,
na kibao kile kilitulia kabisa kabla hawajanitwika.
Mimi sijawahi kubeba takriban.